Filamu Iliyotolewa Vichwani

Kila asubuhi Nyamizi alichuja chai kwa namna ile ile. Alishika sufuria kwa kipande cha kanga kuukuu, akaiinamisha kidogo, akasubiri majani yatulie, ndipo akamimina kwenye chupa kupitia kichujio chenye mpini uliopinda. Mama yake, Bi Tausi, alikaa kwenye kigoda akikata mkate wa jana, na bila kuinua macho akasema, "Usimwage." Nyamizi akajibu, "Simwagi." Walikuwa wakiambiana hivyo tangu Nyamizi alipofikia umri wa kuaminiwa na sufuria, na hata siku moja hakuwahi kumwaga.

Siku hiyo alimwaga yote.

Ukuta waliouchangia na jirani yao, Baba Semeni fundi baiskeli, ulipigwa kishindo kutoka upande wa pili. Chokaa ikaporomoka mpaka kwenye mkate. Kisha sauti ya mtu aliyelala vizuri na kuamka vizuri ikauliza:

"Mwisho wake ulikuwaje?"

"Mwisho wa nini, afande?" Baba Semeni alilia.

Kishindo kingine.

"Mwisho wa filamu, mzee. Yule mjane, cherehani yake ilichukuliwa au haikuchukuliwa?"

"Haikuchukuliwa, afande! Nakumbuka vizuri kabisa! Dalali wa mahakama alikimbia akaacha na kiatu!"

"Bado anakumbuka," ile sauti ikasema kwa masikitiko, kama muuguzi anayeona homa haijashuka. "Mwongezee."

Nyamizi alibaki na sufuria tupu mkononi. Mjane, cherehani, dalali: hiyo ilikuwa filamu yake. Aliiandika yeye, akaielekeza yeye, na aliyeigiza mjane ndiye huyu aliyekaa kwenye kigoda akiwa na chokaa kwenye nywele.

"Nenda kawaambie wamwache," mama yake alisema.

Alikwenda. Uani kwa jirani walisimama wanaume sita wenye sare za zambarau, na katikati yao alilala Baba Semeni. Sikio lake moja lilikuwa limechanika, na mkono wa kulia ulikuwa umepinda mahali ambapo mikono haipindi. Mkubwa wao, mtu mnene mwenye uso mpole na rungu lililopakwa vanishi, alipomwona Nyamizi alibana visigino na kupiga saluti.

"Mlalamikaji Mkuu! Heshima yako! Naitwa Afande Mzumbwe, wa Kikosi Maalumu cha Kurudisha Filamu. Tunatekeleza barua yako."

"Barua yangu?"

"Ile uliyoomba hatua." Alitoa karatasi kwenye mfuko wa shati na kuinyoosha kwa uangalifu, asiitie damu zaidi ya ile iliyokuwapo. "Hii ni Hati ya Mapokezi. Soma, kisha tia sahihi hapa chini."

Nyamizi alisoma: *Filamu moja, Cherehani ya Mjane, dakika tisini na mbili, imetolewa kichwani mwa mkazi wa nyumba namba kumi na nne na kurudishwa kwa mwenyewe. Hali ya mali wakati wa kutolewa: imechubuka kidogo. Viambatisho: meno mawili.*

Neno "mwacheni" lilikuwa limeshafika kooni. Lakini Nyamizi alikuwa amelelewa vizuri, na mtu aliyelelewa vizuri katika nchi ile hakuweza kuwakuta watu wanatoka jasho kazini akawapita bila neno la adabu. Mdomo ukafunguka wenyewe.

"Poleni na kazi," alisema.

"Tumeshapoa!" walijibu wote sita kwa pamoja. Na yule mdogo kuliko wote, aliyekuwa hajawahi kupewa pole tangu aajiriwe, aliguswa sana, akampiga Baba Semeni rungu moja la goti kwa hiari yake mwenyewe.

Nyamizi alitia sahihi.

* * *

Nchi yenyewe haikuwa na ubaya wowote. Ilikuwa na bendera, mlima, wimbo wa taifa wenye beti tisa, na jina ambalo lilikuwa bado kwenye kamati. Ilikuwa pia na filamu. Kila mkoa ulitengeneza zake, kwa lafudhi yake na utani wake, na wananchi walizipenda kuliko zile za ng'ambo zenye magari yanayopaa. Tatizo lilikuwa kwamba hapakuwa na mahali pa kuzitazamia. Majumba matatu ya sinema ya mji mkuu yalikuwa yameshapata kazi nyingine: la kwanza lilikuwa ghala la saruji, la pili ukumbi wa harusi, na la tatu Makao Makuu ya Baraza la Kuendeleza Majumba ya Sinema.

Kwa hiyo watu walikwenda kwa Shomvi.

Duka la Shomvi halikuzidi upana wa mlango wake. Ndani mlikuwa na kompyuta moja iliyofungwa kwa mpira wa baiskeli isije ikasambaratika, na Shomvi mwenyewe, mwanamume wa maneno mengi, ambaye ukimwachia flashi asubuhi unaikuta mchana imejaa filamu ishirini. Ili ziingie ishirini badala ya kumi na tisa, alikata mwisho wa kila moja, pale penye majina ya walioitengeneza. Mahali pa majina aliweka picha yake akiwa amevaa miwani ya jua, na chini yake maneno: "Shomvi anakupenda."

Nyamizi alimpelekea filamu yake kwa mkono wake mwenyewe. Alitaka amhamishie kwenye diski, aipeleke kituo cha televisheni. Kituo kiliirudisha kikisema mhusika mkuu ni mama mtu mzima na hakuna hata mmoja anayepigwa risasi. Shomvi, yeye, alibaki na nakala. Baada ya miezi miwili mji mzima ulikuwa umeiona. Kuna mahali ndani yake dalali wa mahakama anakuja na lori kuchukua cherehani, na mjane anamwambia, "Subiri nivae kanga ya kutokea. Siwezi kudhalilishwa na kanga ya jikoni." Maneno hayo yalienea. Wanafunzi walimwambia mwalimu aliyeshika fimbo, wagonjwa walimwambia nesi aliyeshika sindano, na bibi harusi mmoja alimwambia kadhi.

Nyamizi alisikia yote hayo akanyamaza. Kisha siku moja alirudi kutoka sokoni bila hata kimoja cha vitu alivyotumwa, akajifungia chumbani, akachukua karatasi. Mara tatu aliandika lililokuwa moyoni, mara tatu akalisoma, akaona haya, akachana. Mara ya nne aliandika kama alivyofundishwa chuoni. *Yah: Kunakiliwa kwa filamu bila idhini. Husika na somo tajwa hapo juu.* Mwishoni akaweka: *Hivyo basi, naomba hatua stahiki zichukuliwe.*

Hakujua ni hatua gani. Ilikuwa sentensi ya kufungia barua, na mwalimu wao aliwahi kukata alama tano kwa barua isiyo nayo.

Barua ilipanda. Ofisi ya kata iliona "stahiki" ni neno dhaifu, ikaongeza "kali." Wilaya ikaongeza "za haraka." Mkoa, uliokuwa na afisa anayesubiri kupandishwa cheo, uliongeza "zinazoonekana kwa macho." Wizarani kulikuwa na marungu elfu tatu yaliyoagizwa kwa ajili ya uchaguzi, yakabaki stoo kwa sababu mgombea alikuwa mmoja. Barua ilipofika huko, inasemekana mtunza stoo alipiga magoti akashukuru.

* * *

Siku chache baada ya Baba Semeni kupigwa, kwenye uzinduzi rasmi wa Kikosi, Nyamizi alikalishwa jukwaani kwenye kiti cha mahameli, kando ya Mheshimiwa Bambaza, Waziri wa Sanaa, Maadili na Utulivu wa Macho.

"Ndugu wananchi," Waziri alisema, "mtu akiiba kuku, tunafanya nini?"

"Tunamrudisha kuku!" umati ulijibu.

"Akiiba baiskeli?"

"Tunairudisha baiskeli!"

"Sasa huyu aliyetazama filamu ya wizi, filamu ameificha wapi?" Alijigonga kipaji cha uso mara mbili. "Hapa! Na serikali yenu sikivu itaifuata hapa hapa!"

Mwandishi mmoja wa habari alinyoosha mkono akauliza kitaalamu inawezekana vipi. Alionyeshwa. Alipoinuliwa kutoka sakafuni alisema swali lake limejibiwa kwa ukamilifu.

"Lakini," Waziri aliendelea, "sisi si washenzi. Tumewawekea njia halali. Kuanzia leo filamu zote za mikoa yetu zitapatikana kwenye Mkondo wa Taifa. Unabonyeza, unatazama. Nani ataiba tena? Tuanze na filamu ya binti yetu huyu!"

Alibonyeza. Kwenye skrini kubwa kikatokea kiduara cheupe, kikaanza kuzunguka. Kilizunguka. Mabalozi walikaa vizuri. Kilizunguka dakika arobaini, na hakuna aliyethubutu kukohoa. Kilipozimika chenyewe, Waziri alisimama, akatoa leso, akajifuta macho.

"Ina falsafa nzito," alisema, na ukumbi mzima ukapiga makofi kwa kusimama. Kisha akamgeukia Nyamizi na kipaza sauti. "Mtunzi! Je, tumekutendea haki?"

Nyamizi aliona uso wa Baba Semeni, na lile sikio. Akataka kusema kwamba ile haikuwa filamu yake, kwamba filamu yake ina watu. Taa zilikuwa kali. Watu elfu mbili walikuwa wanamtazama mdomoni.

"Nashukuru sana, mheshimiwa, kwa juhudi," alisema.

Jioni ile ile Kikosi kiliongezwa mara mbili, na marungu yakaongezwa urefu wa shubiri moja.

* * *

Wiki mbili baadaye Mama Semeni, mke wa yule fundi, alibisha hodi akiwa na bahasha. Mumewe alikuwa amesahau filamu kikamilifu. Alikuwa amesahau pia kiatu gani kinakwenda mguu gani, na kila asubuhi aliuliza huyo Semeni anayesemwa ni nani.

"Nikajiuliza," alisema, akikaa ukumbini kwa kujishika kiuno, "huyu mwanamume aliicheka ile filamu mpaka akaanguka kitandani. Labda akiiona tena atarudi. Nikasema nifuate njia halali."

"Wakakupa?" Bi Tausi aliuliza.

"Kuna masharti, Mama Nyamizi. Barua ya mwenyekiti wa mtaa kuthibitisha nina macho mawili. Picha nikitazama mbele, na nyingine nikitazama pembeni. Cheti cha zimamoto cha televisheni. Na mashahidi watatu wa kuapa kwamba filamu hiyo sijawahi kuiona."

"Ukawapata?"

"Niliwapata. Wakaulizwa wamejuaje sijaiona, kama wao hawaijui. Wako wodini, wote watatu."

"Hee!"

"Mimi nikapewa kibali. Nikamkalisha mume wangu mbele ya televisheni, nikaandika jina la filamu kwenye kisanduku. Kiduara kikazunguka. Kikazunguka mpaka maharage yakaungua jikoni. Halafu wakaja wale wa zambarau, wakaniuliza jina la filamu nimelijuaje."

Alifungua mtandio. Vidole vitatu vya mkono wa kushoto vilikuwa vimefungwa pamoja kwenye kijiti.

Nyamizi aliinamisha kichwa. "Samahani, mama."

"Samahani ya nini, mwanangu? Wewe umekosa nini? Si wamesema wanakutetea?" Mama Semeni alisema hivyo bila kinyongo chochote, na hilo ndilo lililomkosesha Nyamizi usingizi.

Hati ziliendelea kuletwa, kila siku saa kumi alasiri, kwenye kikapu. *Imetolewa kichwani mwa mpishi wa shule. Imetolewa kichwani mwa mapacha, nusu kwa nusu. Imetolewa kichwani mwa marehemu, kabla hajawa marehemu.* Kikosi kilikuwa kimegundua mbinu: askari walivaa kiraia, wakamkanyaga mtu mguu kwa makusudi, wakasikiliza atakachosema. Akisema, "Subiri nivae kanga ya kutokea," alikuwa ameshajitaja. Alipelekwa kwenye Mtihani wa Kusahau, ambako aliulizwa maswali kumi juu ya filamu, na kila jibu sahihi lilikuwa na rungu lake. Watu wenye akili walijifunza kujibu vibaya. Wengine, na hao walikuwa wengi ajabu, walishindwa kujizuia. Wakiulizwa mjane alimwambia nini dalali walijaribu kukaza uso, wakaanza kucheka, wakapigwa wakiwa wanacheka.

Ripoti ya robo mwaka ilisema wizi wa filamu umeshuka kwa asilimia tisini na tisa. Mkondo wa Taifa ulikuwa na mtazamaji halali mmoja, Mheshimiwa Bambaza mwenyewe, na alikuwa bado kwenye kiduara.

* * *

Shomvi hawakumpiga. Walimkuta dukani akila muhogo, wakamfunga pingu kwa heshima, wakampeleka makao makuu. Afande Mzumbwe alikuja kumchukua Nyamizi kwa gari akamtambue.

"Huyu si wa rungu," alimweleza njiani, kwa sauti ya mtu anayejua kazi yake na anaipenda. "Kichwa chake ni ghala, dada. Kina filamu elfu sita za mikoa yote. Tumeagiza nyundo ya kuvunjia kokoto. Jumamosi, uwanja wa taifa, mbele ya wananchi. Watoto chini ya miaka mitano bure."

"Atakufa," Nyamizi alisema.

"Atakuwa mtupu," Afande alimrekebisha kwa upole.

Chumba cha mahabusu kilinuka mkojo na dawa ya choo. Shomvi alikuwa ameegemea ukuta, na alipomwona alinyoosha mikono yenye pingu kama mwenye duka anayepokea mteja.

"Dairekta! Karibu, karibu. Ningekupa kiti lakini nimekikalia mimi mwenyewe, na si kiti, ni ndoo."

"Kaka Shomvi. Habari za hapa?"

"Habari za hapa anauliza! Nzuri, dada yangu. Jumamosi nafunguliwa kichwa." Alicheka, kicheko kikamkwama. Akainamisha uso, na alipouinua haukuwa na utani tena. "Sasa niambie. Kwa nini hukuja dukani ukanitukana? Mimi hutukanwa kila siku. Kuna mchungaji mmoja huja kila Jumatatu, ananitukana, kisha ananipa flashi. Ungekuja, ungenifokea, tungeyamaliza."

"Nilikuja. Mara mbili."

"Ulikuja? Ukasema nini?"

Nyamizi alitazama chini. "Nilinunua vocha."

Shomvi alijishika kichwa. "Mungu wangu," alisema polepole. "Nitakufa kwa ajili ya vocha mbili." Kisha akasogea hadi kwenye nondo. "Nyamizi. Ulikuwa unataka nini hasa? Mimi nilikufanyia kosa, nakiri, nilikukata jina. Lakini hili silo ulilolitaka. Sura yako inasema. Ulitaka nini?"

Alikuwa wa kwanza kumuuliza. Kata haikuuliza, wala wilaya, wala Waziri. Nyamizi alishika nondo. Jibu lilikuwa dogo, la kitoto, la kuonea aibu. Alikuwa amelifikia neno la kwanza, pale Afande Mzumbwe alipogonga mlango kwa rungu na kusema muda umekwisha.

"Pole, kaka," Nyamizi alisema, akatoka.

* * *

Ijumaa walimchukua mama yake.

Kulikuwa na mjadala wa kisheria kwanza, uani, kama mtu aliyeigiza kwenye filamu anahesabiwa kuwa ameiona. Afande Mzumbwe alifungua kitabu, akafunga, akasema itabidi apimwe tu. Nyamizi aliwafuata mpaka nje ya ukumbi wa Mtihani wa Kusahau, akasukumwa, akabaki amesimama kwenye dirisha lililopakwa rangi, akisikiliza.

"Swali la kwanza, mama. Mjane anaitwa nani?"

"Bi Mtumwa wa Kisiwani."

Rungu.

"Mama, ukisema hujui tunakwenda swali la pili bila matatizo. Mumewe alikufa kwa ugonjwa gani?"

"Pumu. Na dharau ya ndugu zake."

Rungu.

"Cherehani ilikuwa ya rangi gani?"

"Nyeusi, yenye maua ya dhahabu, na sindano yake ilikuwa imevunjika siku ya kupiga picha, tukasubiri saa tatu. Hilo hamlijui, maana halimo kwenye filamu. Andika!"

Alijibu yote kumi. Nyamizi, nje, alikuwa ameuma mkono wake mwenyewe mpaka ngozi ikachanika. Yeye ndiye aliyemfundisha majibu yale. Miaka miwili walikuwa wakiyarudia jikoni, mama akikosea, yeye akimsahihisha kwa upole, kwa sababu hakuwahi kujua kumsahihisha mtu kwa namna nyingine.

Walimtoa wakiwa wamemshika huku na huku. Mkono ulikuwa umevunjika chini ya kiwiko, jicho moja limefumba, na kanga ilikuwa imelowa begani. Alimtafuta binti yake kwa lile jicho lililobaki.

"Nimepasi," alisema. "Kumi kwa kumi."

"Mama, kwa nini hukusema hujui?"

"Kwa sababu najua." Alipumua kwa shida. "Mimi sina kazi nyingine niliyowahi kuifanya ikawa nzuri kama ile. Wewe mtoto, nikuulize. Huo mdomo nilikupa wa kulia ugali tu?"

Afande Mzumbwe akaleta hati. Nyamizi aliishika kalamu. Kisha akaiweka mfukoni mwa Afande, taratibu, bila kutia sahihi, na Afande akashindwa kuelewa ni utaratibu gani huo.

* * *

Jumamosi uwanja ulijaa. Waliorudishwa filamu waliletwa kwa malori, wakapangwa upande wa jua: vichwa vyenye bandeji, magongo, mikono iliyoning'inizwa kwa vitambaa, watu waliosahau walipotoka na wakalazimika kufungiwa anwani shingoni. Upande wa kivuli walikaa wageni waalikwa. Baba Semeni alikuwa mstari wa mbele, viatu vyake vimebadilishana miguu, akipigia makofi kila kitu.

Katikati ya uwanja kulikuwa na gogo la mkwaju, na juu ya gogo kichwa cha Shomvi. Mwenye nyundo, mtu wa machimbo aliyeazimwa kwa siku moja, aliijaribu kwanza kwenye tikiti maji. Tikiti lilipasuka vizuri sana. Vipande vilipitishwa kwa waheshimiwa kwenye sinia, pamoja na vijiti vya meno.

Mheshimiwa Bambaza alihutubia saa moja na robo. Alisema taifa lisilolinda filamu zake ni taifa lisilo na macho. Alisema mtakumbuka siku hii, akakohoa, akasema wale wanaoruhusiwa kukumbuka. Kisha akajifuta juisi kidevuni na kumwita Mlalamikaji Mkuu.

"Ni kipengele tu cha sheria," alimnong'oneza Nyamizi, akimpa kipaza sauti. "Mlalamikaji anatamka ombi lake kwa mdomo, kazi inaendelea. Sema 'nathibitisha.' Neno moja. Halafu kuna pilau."

Nyamizi alishika kipaza sauti kwa mikono miwili. Aliona nyundo ikiinuliwa. Aliona mgongo wa Shomvi ukipanda na kushuka haraka haraka, na shati lake limelowa lote. Upande wa jua aliona mama yake amekataa kukaa.

"Husika na..." alianza.

Uwanja ulisubiri. Mwenye nyundo alibadilisha mshiko.

"Siku ile nilikwenda sokoni," Nyamizi alisema. Sauti ilikuwa ndogo, na vipaza sauti viliifanya isikike hivyo hivyo, ndogo, kila kona. "Walikuwapo akina mama wawili kwenye vitunguu. Walikuwa wanaisimulia filamu yangu. Mmoja anaigiza mjane, mwingine anaigiza dalali, wanacheka mpaka wanashikana mabega. Nikasimama nyuma yao. Nikasema moyoni, mmoja akigeuka nitamwambia ni mimi niliyeitengeneza."

"Neno moja tu, binti," Waziri alisema akitabasamu kwa wageni.

"Nilisimama pale mpaka muuza vitunguu akaniuliza nataka nini. Nikasema sitaki kitu. Wakaondoka. Hawakuniona. Nikarudi nyumbani nalia njia nzima, nikaandika barua, na nilichokiandika sicho nilichokuwa nacho moyoni. Niliona aibu."

"Zimeni hicho kitu!" Mheshimiwa Bambaza alifoka.

Kipaza sauti kilizimwa. Nyamizi alikitazama, akakiweka chini kwenye nyasi. Afande Mzumbwe alikuwa anakuja kwa hatua ndefu, na rungu lake lilikuwa limeshatoka mkandani. Nyamizi alimwona. Hakumpa pole. Aliwageukia wale wa upande wa jua, akavuta pumzi mpaka mabega yakapanda, na kwa mara ya kwanza tangu azaliwe akapiga kelele.

"Nilitaka mtu mmoja aniambie ameipenda! Hilo tu! Sikuomba mtu apigwe! Nyinyi ndio mliokuwa mmeipenda! Mfungueni Shomvi!"